Uzi: Kuunda filamu ya majitu mawili yanayopambana, kwa sponji, kebo na taa za Nairobi

Mchongaji_LungaLunga

Wadau, hamjambo. Swali la filamu za viumbe likizuka humu, majibu yote hukimbilia kompyuta: programu ipi, mashine ya nguvu gani. Uzi huu ni wa kazi ya mikono. Na nimechagua aina ngumu kuliko zote, ile filamu inayokutanisha viumbe wawili ambao kila mmoja alikuwa na filamu zake.

Mfano ulio wazi ni Alien vs. Predator ya mwaka 2004, inayowapambanisha viumbe wawili wa anga za mbali, Alien na Predator, iliyoongozwa na Paul W. S. Anderson na kupigwa Prague, Jamhuri ya Cheki. Karibu asilimia 70 ya matukio yake yalifanywa kwa mavazi, vikaragosi na modeli ndogo. Kampuni ya Alec Gillis na Tom Woodruff Jr. ndiyo iliyounda viumbe, na Woodruff mwenyewe akaingia ndani ya vazi la Alien. Predator alivaliwa na Ian Whyte, jamaa wa zaidi ya mita 2.

Angalieni walivyomgawa malkia wa Alien. Alijengwa mara tatu: mzima wa mita 4.8 aliyehitaji waendeshaji 12, kikaragosi cha mita 1.2, na wa kompyuta. Mikia ikaongezwa kwa kompyuta, kwa kuwa mkia mrefu ukiuendesha kwa kebo hupoteza uhai, unabaki kuning'inia kama kamba ya nguo.

Hapo ndipo nilipopata kanuni ninayotaka tuijadili: panapoguswa pajengwe, pasipoguswa paachiwe kompyuta. Chukua shoti moja tu, mkono wa kiumbe wa kwanza umekaba koo la wa pili. Sponji inabonyea chini ya vidole. Kivuli cha mkono kinaangukia shingo. Mkono unapoachia, ute unavutika nyuzi tatu nne kati ya kiganja na koo, kisha unakatika. Ukiijenga, yote hayo unayapata bila jasho. Ukiitengeneza kwa kompyuta, kila moja ni kazi ya siku kadhaa, na jicho la mtazamaji bado litashtuka kwamba hapo pana kitu hakijakaa sawa.

Kwa hiyo kabla ya kununua hata futi moja ya sponji, andika orodha ya mahali miili itakapogusana. Koo, kifua, viganja, mgongo utakaopigizwa ukutani. Hapo ndipo pesa iende.

---

Binti_wa_Kariokor

Umegonga ndipo. Naongeza jaribio la kivuli. Chora kila kiumbe kwa wino mweusi mtupu, bila macho wala meno, urefu wa sentimita 3 kwenye karatasi nyeupe. Mwekee mtoto wa miaka sita michoro hiyo miwili, imeingiliana kama wanapigana. Akishindwa kusema mguu huu ni wa nani, rudi mezani. Pigano litakuwa gizani, kwenye mvuke, na kamera haitulii. Rangi haitakuokoa hapo, ni umbo tu.

Na wapishane kwa ngozi pia. Mmoja awe mlaini mwenye kung'aa, mwingine mkavu mwenye magamba na ngozi ya mnyama. Mkiwapaka wote ute mnapata tope moja lenye mikono minne.

Kuhusu wahusika wenyewe: wale wa 2004 walikutanishwa kwa sababu wote walikuwa mali ya studio moja, 20th Century Fox. Sisi hatuna ruhusa hiyo, na hatuihitaji. Zimwi wa hadithi za pwani dhidi ya Chemosit, yule dubu wa Nandi, ni pambano ambalo mtoto yeyote wa Kenya ataelewa bila maelezo. Mpe zimwi asili ya sayari nyingine, basi una filamu ya sayansi.

---

Otis_Godoro

Naomba hatua za vazi lenyewe. Sponji kiasi gani, gundi gani?

---

Mchongaji_LungaLunga

@Otis_Godoro twende polepole.

Kwanza mtu. Tafuta mwembamba na mrefu. Vazi linaongeza unene wa sentimita 3 hadi 5 kila upande, kwa hiyo mtu wa kawaida anageuka pipa. Yule Alien wa kwanza wa mwaka 1979, ndani yake alikuwa Mnigeria, Bolaji Badejo, mwanafunzi wa sanaa jijini London, wa zaidi ya mita 2 na mikono mirefu ajabu. Watu walimtazama wakasema hakuna binadamu ndani. Kumbe siri ilikuwa mwili wake.

Pili, nakala ya mwili. Mvalishe nguo kuukuu za kubana, zungushia nailoni ya kufunikia chakula, juu yake tepu ngumu ya kijivu tabaka tatu. Kifuani usikaze, mwambie avute pumzi na aishikilie kila unapozungusha. Mtu wa pili awepo muda wote akimwangalia uso, na kazi isizidi dakika 45, maana jasho halina pa kutokea na watu huzimia wakiwa wamesimama. Kata mgongoni kwa mkasi wa wauguzi ule wenye ncha butu, mtoe, funga tena kwa tepu, jaza matambara. Huyo ndiye mwanasesere utakayejengea juu yake.

Tatu, hesabu ya sponji. Ngozi ya mtu mzima mrefu ni kama mita za mraba 1.9. Misuli inahitaji tabaka mbili, na vipande vya kutupa ni kama asilimia 30. Hiyo inakupa karibu mita 5 za mraba, yaani shiti tatu za futi 6 kwa 3. Inchi moja kwa mwili, nusu inchi kwenye kwapa, nyuma ya goti na kinena. Ukiweka inchi moja nyuma ya goti mvaaji hatapiga magoti, na zimwi asiyeweza kuchuchumaa hatishi mtu.

Gundi ni ile ya washona viatu. Paka pande zote mbili, subiri dakika 10 hadi 15 mpaka kidole kisinate, ndipo ubane. Watu wengi hawasubiri. Wanabana ikiwa mbichi, kiungo kinashika nje tu, ndani gundi inabaki maji, na siku ya pili ya kupiga picha bega linafunguka. Fanyieni kazi nje au penye upepo. Mvuke wake unapanda kichwani na unashika moto.

Nne, ngozi. Lateksi ya maji (mpira wa kimiminika), lita 5 hadi 8 kwa vazi zima, tabaka nne nyembamba. Ya kwanza idonoe kwa kipande cha sponji, usimimine, la sivyo sponji itainywa na vazi litakuwa zito kama gunia la mahindi. Kila tabaka ikauke hadi ipoteze weupe. Asubuhi za Julai hapa Nairobi utasubiri sana, tumia feni. Ikikauka nyunyiza poda ya mtoto, kwa kuwa lateksi ikigusana na lateksi inashikana moja kwa moja na hutaitenganisha bila kuichana.

Maadui zake ni mafuta, jua na shaba. Usipitishe waya wa shaba ulio wazi ndani ya vazi, na usimpake mvaaji mafuta ya kujikinga na msuguano. Poda tu.

---

Binti_wa_Kariokor

Kwa magamba na silaha za mwilini, ingieni soko la Kariokor kwa watengeneza ndara. Shiti za eva (povu la mpira) za soli zipo, milimita 3 hadi 10, na gundi yake iko hapo hapo. Pitisha hewa moto juu ya shiti mpaka uso wake ung'ae kidogo, hapo vitundu vinafunga na rangi haitazama. Ikiwa moto ikunje juu ya goti lako au sufuria, ishikilie hadi ipoe, umbo linabaki.

Rangi: usipake rangi ya kawaida ya maji moja kwa moja kwenye lateksi. Inapasuka vazi likivutika, na mipasuko huanzia kwenye kiwiko. Changanya rangi ndani ya lateksi yenyewe. Kumbuka lateksi mbichi ni nyeupe, kwa hiyo ikikauka rangi itakoza kuliko uionavyo koponi. Jaribu kipande kwanza.

Wale mafundi wanaopulizia picha kwenye nganya ni hazina. Mtu anayeweza kuweka mwanga wa jua kwenye shavu la mwanamuziki ubavuni mwa matatu, anaweza kuweka mishipa chini ya ngozi ya zimwi. Mpeni kazi hiyo na mlipe vizuri.

---

Waya_Luthuli

Nije kwenye taya na uso, ndiko watu wanaunguza vifaa.

Una njia mbili. Ya kwanza ni kebo ya breki ya bodaboda. Nyaya ndani, ala nje, ncha moja kichwani na nyingine kwa mwendeshaji aliyejificha mita moja na nusu nyuma. Inavuta kwa nguvu na haijali maji wala ute. Kasoro yake ni msuguano: kila kona inakula nguvu, kwa hiyo ala isipinde kwa jumla zaidi ya nusu duara. Kebo inavuta tu, haisukumi, kwa hiyo weka springi ya kurudisha. Springi ikiwa kali mwendeshaji anachoka kidole. Ikiwa legevu taya inabaki wazi kama ya mtu anayesinzia.

Ya pili ni sevo, mota ndogo inayogeuka hadi pembe unayoiagiza, zile MG996R zilizojaa maduka ya elektroniki ya Luthuli. Hesabu kabla ya kununua. Taya ya gramu 300 ambayo uzito wake umekaa sentimita 8 kutoka kwenye bawaba inahitaji kilo 0.3 mara 8, yaani 2.4 kilo-sentimita kuishikilia tu. Zidisha mara tatu ili ifunge kwa kishindo: 7.2. Sevo hiyo inadai 9 hadi 11 ikikwama, kwa hiyo inatosha, ila bila anasa. Ukiongeza meno ya resini taya ifike nusu kilo, tafuta mbili au rudi kwenye kebo.

Tatizo ninaloulizwa sana: "Kichwa kinatetemeka chenyewe, kisha kinazima." Sevo moja ikikwama inavuta karibu ampea 2.5. Nne zikianza pamoja ni ampea 10. Voti inadondoka, bodi ya kuongoza inajizima na kujiwasha. Dawa yake: betri ya sevo iwe yake, ya bodi iwe yake, waya hasi wa zote mbili uunganishwe, na kapasita (kihifadhi kidogo cha umeme) ya mikrofaradi 1000 karibu na sevo. Hasi isipounganishwa, sevo zitacheza ovyo hata betri iwe kubwa namna gani.

Wale wa 2004 walikuwa na Alien wa haidroliki aliyeendeshwa na watu sita, mmoja kati yao akihakikisha tu kwamba mawimbi yanafika kwenye kompyuta. Mwendo uliompendeza mwongozaji ulihifadhiwa ili urudiwe. Hilo la kuhifadhi tunaliweza. Bodi ndogo inaweza kurekodi nafasi za sevo mara 50 kwa sekunde na kuzirudia. Pigano linarudiwa mara kumi. Taya ikifunguka kwa sekunde ile ile kila mara, mhariri atakuombea dua.

---

Otis_Godoro

Mvaaji anapumuaje huko ndani?

---

Waya_Luthuli

Feni mbili za kompyuta, milimita 40, voti 12. Moja ivute hewa nje kupitia paji la uso, nyingine iingize kidevuni. Zikisukuma zote ndani, hewa inagongana na miwani ya macho inafunga ukungu. Kila moja inakula kama ampea 0.1. Betri tatu za lithiamu aina ya 18650 kwa mfululizo, zenye mAh 2500, kwa karatasi zinakupa saa 12. Weka betri kiunoni nyuma, kwenye mfuko unaong'oka kwa mvuto mmoja, na ziwe na bodi ya kinga. Kamwe zisikae karibu na sponji bila kinga.

Kichwa kikae kwa dakika 15 hadi 20, kisha kivuliwe, maji, kivuli. Mkubaliane alama ya mkono ya "nitoe sasa", maana sauti haisikiki. Ngumi mbili juu ya kichwa inafaa, hakuna pigano linaloitumia.

---

Mama_Ute

Nasubiri mada yangu. Ute.

Filamu kubwa hutumia methili selulosi, unga wa kunenesha maji. Hapa iulizeni kwenye maduka ya kemikali za sabuni na za viwandani. Gramu 15 hadi 20 kwa lita moja ya maji. Kosa la kila mtu ni kumwaga unga kwenye maji baridi na kukoroga. Unapata madonge ambayo ndani ni makavu na hayatayeyuka hata ukikoroga mpaka Krismasi. Unga huu una tabia ya kinyume: hauyeyuki kwenye maji moto, unayeyuka kwenye baridi. Kwa hiyo chemsha theluthi moja ya maji, mwaga unga humo, koroga hadi kila chembe ilowe na kutawanyika. Utaona maji meupe kama tui. Ndipo umimine theluthi mbili zilizobaki zikiwa baridi kabisa, koroga polepole, uache usiku kucha. Asubuhi una ute safi usio na viputo.

Ukikoroga kwa mashine utaujaza hewa, na kwenye kamera utaonekana kama sabuni. Kwa nyuzi ndefu kutoka kwenye meno, ongeza unga hadi gramu 25 na upake kwa brashi sekunde chache kabla ya "anza". Baada ya siku tatu nne unaoza na kunuka, basi pika wa siku hiyo.

Damu ya asidi, kama ile ya Alien inayotoboa sakafu: hakuna asidi. Chonga sakafu ya povu gumu jeupe, ipake rangi ya chuma, kisha mimina asetoni. Povu linajiyeyusha lenyewe na shimo linafunguka mbele ya kamera. Rangi iwe ya maji. Ukipaka ya mafuta, thina yake itakula povu kabla hata hujawasha kamera. Asetoni inashika moto haraka: madirisha wazi, hakuna sigara, hakuna taa ya moto, na mvaaji awe mbali. Mguu unaosimama karibu uwe wa bandia.

---

Shata_50

Upande wa kamera, tatu tu.

Stima yetu ni hezi 50, taa zinapepesa mara 100 kwa sekunde. Piga fremu 25 kwa sekunde, kwa shata (muda wa kila fremu kupokea mwanga) ya 1/50, na hutaona michirizi. Ukilazimika kupiga 24, shata ibaki 1/50.

Vazi linapunguza kasi ya mtu. Viumbe wa kimo cha binadamu wakipigana, piga fremu 22 na ucheze kwa 25. Wanapata wepesi wa karibu asilimia 14 na ngumi zinakuwa na uzito. Ukishuka hadi 18 inageuka vichekesho. Shata iwe 1/50 au 1/100, bado salama.

Mwangaza utoke nyuma na pembeni. Ukimulika mbele unaonyesha mishono yote.

---

Jitu_la_KICC

Mimi nataka majitu ya ghorofa 20 yapigane katikati ya jiji. Hizo fremu 22 zinafaa?

---

Shata_50

La. Hapo unageuza upande wa pili. Kitu kikubwa huanguka kwa muda mrefu zaidi machoni, kwa hiyo modeli ndogo lazima ipigwe kwa fremu nyingi. Kanuni: fremu zako za kawaida mara kipeuo cha pili (mzizi wa mraba) cha namba ya chini ya kipimo. Modeli ya 1/4 ni 25 mara 2, yaani 50. Ya 1/9 ni 75. Ya 1/16 ni 100.

Jengo la KICC hapa Nairobi lina takriban mita 105. Kwa 1/50 unapata mnara wa mita 2.1, unaoingia kwenye uwanja wa nyumba, lakini fremu ni 25 mara 7.07, karibu 177. Simu nyingi zina 240, zinafika. Wajapani tangu Godzilla ya mwaka 1954 walipendelea 1/25 kwa jitu la mita 50, na ni kipimo kizuri: mvaaji wa mita 2 anakuwa jitu kamili, na fremu ni 125.

Ila kwenye fremu 100 kwenda juu taa za stima zitapepesa tu, shata ya 1/200 inakata mzunguko katikati. Toka nje. Jua kali: f/16 (tundu dogo la lenzi), ISO 200 (wepesi wa kamera kwa mwanga), 1/200, na f/16 inakupa ukali kutoka mbele hadi nyuma. Hilo ni la lazima, kwa kuwa nyuma ikiwa na ukungu kila mtu anajua ni kijumba. Januari na Februari anga ni safi. Saa sita mchana kivuli kinakuwa chini ya miguu na jitu linaonekana fupi. Anza saa mbili na nusu asubuhi, ufungue f/11.

Maji na moto haviwezi kupunguzwa. Tone la maji ni tone la maji. Chini ya 1/4 mawimbi yako yataonekana ya beseni.

---

Binti_wa_Kariokor

@Jitu_la_KICC kuta zitakazobomoka ziwe za plasta nyembamba, milimita 4 hadi 6, zilizochanganywa na vumbi la mbao ili zivunjike kwa vipande vidogo. Zichanje kwa nyuma kwa kisu mahali unapotaka zipasuke. Vumbi la saruji lichekeche kwa kitambaa. Na msitumie unga wa ngano hewani karibu na cheche yoyote. Unga uliotawanyika hulipuka.

---

Otis_Godoro

Swali la mwisho. Resini ya faibaglasi kwa fuvu la zimwi: yangu haigandi, siku ya pili bado inanata.

---

Mchongaji_LungaLunga

Kichocheo asilimia 1 hadi 2 kwa uzito. Gramu 500 za resini, gramu 5 hadi 10. Pima kwa mizani, kofia ya chupa inadanganya. Asubuhi ya baridi chini ya nyuzi 15 nenda karibu na 2, na uwashie balbu ya zamani ndani ya boksi la katoni juu ya kazi. Ukizidisha inachemka, inapasuka na kupinda.

Kama inanata juu tu na chini ni ngumu, hiyo ni hewa inayozuia uso kuganda. Pangusa kwa asetoni, piga msasa, endelea. Kama ni laini hadi ndani, kichocheo hakikukolea. Kwangua yote, haitaganda hata ukiianika wiki.

Na hili lisomwe mara mbili: kama umenunua kiharakishi cha kobalti kando, kikoroge kwenye resini kwanza mpaka kipotee kabisa, ndipo uweke kichocheo. Kobalti na kichocheo visikutane vyenyewe, hata matone machache kwenye kopo moja. Vinalipuka. Vijiko viwili tofauti, rafu mbili tofauti.

---

Mama_Ute

Na vazi likivuliwa jioni, ligeuzwe ndani nje, linyunyiziwe spiriti ya asilimia 70, lining'inizwe kivulini juu ya bomba nene la plastiki. Kwenye hanga ya waya mabega yanachanika usiku, na kesho yake zimwi ana bega moja.